Ile ya Ubwari

Jirani yangu katika mji ninaoishi sasa ni mwanamke wa kwetu, na majuzi aliloweka muhogo ndani ya pipa nyuma ya nyumba. Ulipoanza kulainika, harufu ikaruka ukuta. Wapangaji wengine waliziba pua na kunung'unika. Mimi nilisimama kwenye mlango wa jikoni, kitambaa cha kufutia vyombo mkononi, nikasahau nilichokuwa nikifanya. Harufu ile, chachu na nzito, yenye kitu kama matope na kitu kama pombe, ndiyo iliyokuwa harufu ya ua wetu katika mji wa Baraka mwaka ule nilipoanza sekondari. Wenzangu wa rika langu mliokulia ukingoni mwa ziwa hamhitaji kuelezwa. Kwa wengine nitasema tu kwamba harufu hiyo, kwangu, ni harufu ya hesabu za herufi, na ya hofu niliyoibeba kwa majuma mengi bila kumwambia mtu.

Baba yangu, Msambya, alikufa kwa homa kule kwetu Ubwari, rasi inayoingia ziwani, nilipokuwa bado nabebwa mgongoni. Sina sura yake kichwani. Nilikuwa na jina lake tu, lililoandikwa kando ya langu kwenye kila karatasi ya shule. Baada ya kifo chake mama aliendelea kukaa kwa mama mkwe wake, bibi yangu, katika kijiji ambacho milima inashuka mpaka inagusa maji na nyumba zimebanwa katikati. Bibi alikuwa na mtoto mwingine wa kiume, baba mdogo Lwaboshi, lakini baba ndiye alikuwa kifungua mimba wake, na mimi ndiye niliyebaki badala yake. Alipenda kunishika kidevu na kunitazama bila kusema neno, nami nilijua kwamba aliyekuwa akimtazama si mimi.

Mama alikuwa akivuka maji kupeleka unga wa muhogo kwenye soko la Baraka. Huko alikutana na Wilondja, fundi wa injini za mitumbwi, aliyefiwa na mkewe na kuachiwa mabinti wawili, Sifa na Riziki. Alipokuja Ubwari kufuata taratibu za kumposa mama, alivaa shati lililopigwa pasi mpaka likang'aa, akakaa mbele ya bibi mikono ikiwa imebanwa katikati ya magoti ili weusi wa mafuta usionekane. Bibi hakukataa. Alisema mama bado ni kijana na maisha yake hayajaisha. Kuhusu mimi, walikubaliana kwamba niende na mama kwa sababu Baraka kulikuwa na sekondari nzuri. Ndivyo nilivyosikia: kwa sababu ya shule. Hakuna aliyesema nitakaa kwa muda gani, nami sikuuliza, ila maneno yale niliyashika. Mama alikuwa amehama. Mimi nilikuwa nimeenda kusoma.

Nyumba ya papa Wilondja, maana kwetu "papa" ni baba, ilikuwa ya matofali na mabati, kwenye barabara inayoteremka bandarini. Pikipiki zilipita mchana kutwa na kuacha vumbi juu ya nguo zilizoanikwa. Upande mmoja wa ua mama aliloweka muhogo wake. Upande wa pili, chini ya baraza, zililala injini, nyingine zimefunguliwa vifua, skrubu zake zikiwa ndani ya vikopo vya nyanya. Sifa na Riziki walikuwa wadogo kwangu. Tulilala watatu kwenye godoro moja chini ya chandarua kimoja, na Riziki alikuwa na tabia ya kunipandishia mguu juu ya tumbo kana kwamba tulizaliwa hivyo. Walimwita mama yangu "mama" tangu mwanzo, bila shida yoyote, na haikuchukua muda majirani nao wakaanza kumwita mama Sifa. Kule Ubwari alikuwa akiitwa kwa jina langu. Mimi nilimwita baba yao "papa Wilondja", jina zima, na mara nyingi zaidi nilitafuta namna ya kusema naye bila kumwita kitu chochote.

Profu wetu wa hesabu aliitwa Bahati. Alikuwa kijana, hakuwa na muda mrefu tangu atoke masomoni Uvira, na alifundisha haraka haraka, kama mtu anayeogopa mvua itanyesha kabla hajamaliza, maana mvua ikigonga mabati ya darasa letu hakuna neno lililosikika. Aliandika ubaoni kwa Kifaransa na kutueleza kwa Kiswahili chetu. Asubuhi moja aliandika maneno mawili, termes semblables, akapiga mstari chini yake. Akasema hayo ni mafungu yenye kufanana, yaliyobeba herufi moja.

"X na x ni bandugu," alisema. "Unaziweka pamoja, unahesabu ziko ngapi. Y na y, vilevile. Lakini x na y, hapana. Haziko za nyumba moja. Kila moja ikae kwake. Kazi yenu ni kupunguza: mutafute zenye kufanana, muunganishe, mupunguze, mpaka kusibakie kitu cha kupunguza."

Kisha akatuandikia mfano: 4x + 3y + 2x − y. Akazungushia x zote duara, akazungushia y zote pembenne, akapata 6x + 2y. Wenzangu walinakili. Mimi nilibaki nimeitazama ile y. Naapa sikuwa mtoto mjinga. Nilikuwa mtoto anayesikiliza sana, na anayesikiliza sana husikia hata yasiyosemwa. Niliona wazi. Papa Wilondja, Sifa na Riziki walikuwa herufi moja. Mama alikuwa mjamzito, tumbo limeanza kujionyesha chini ya kitenge, na mtoto yule angezaliwa na herufi yao. Mama mwenyewe alishaitwa mama Sifa. Aliyebaki na herufi yake peke yake ndani ya nyumba ile alikuwa mimi. Na kazi, profu alisema, ni kupunguza.

Huenda hofu ile ingepita yenyewe kama homa za watoto zinavyopita. Lakini juma lilelile, nikirudi kutoka bombani na ndoo ya maji, niliwasikia mama na papa Wilondja wakiongea nyuma ya nyumba. Walikuwa upande wa pili wa ukuta na hawakuniona.

"Ile ya Ubwari inanisumbua," papa Wilondja alisema. "Haiendane na hizi zingine. Na iko inakamata nafasi. Mi naona tuirudishe kwao mbele mvua ianze kabisa."

"Na kama bakikataa kuipokea?" mama akauliza.

"Batakubali tu. Ni ya kwao."

Anayeongea Kiswahili cha kwetu ataelewa kwa nini sikuwa na shaka hata kidogo. Kwetu "ile" ni ya kila kitu. Unasema ile meza, ile mbuzi, ile mutoto, na hakuna anayekusahihisha. Nilitua ndoo polepole ili maji yasimwagike, nikaingia ndani, nikaketi juu ya godoro. Kilichoniumiza zaidi ni sauti ya mama. Hakulia, hakubisha. Aliuliza tu kama wangekubali kunipokea.

Sikumwambia mtu. Nilianza kuwa mdogo ndani ya nyumba. Nilikula kidogo, nililala ukingoni kabisa mwa godoro, vitabu vyangu nikavipanga ndani ya mfuko badala ya juu ya dirisha palipokuwa na vya Sifa. Nilijua kwamba nachukua nafasi, basi nikajaribu kuchukua ndogo. Na jambo la ajabu ni kwamba siku zilezile papa Wilondja ndipo alipoanza kunisogelea. Jioni, jua likiwa bado liko, aliosha mikono kwa sabuni ya omo na mchanga, akaja kukaa karibu nami kwenye mkeka nilipokuwa nikifanya kazi za shule, akauliza tunajifunza nini. Aliniambia kwamba vita vilimtoa shuleni akiwa katika darasa lilelile nililokuwa mimi. Walikimbilia ng'ambo ya ziwa, akarudi akiwa mtu mzima, akaingia kwenye injini. Bado alikuwa na hamu ya kufanya mtihani wa taifa siku moja, kama wale watu wazima wanaojisomea wenyewe na kujiandikisha.

"Mi niliachia hapa hapa," alisema, akiweka kidole cheusi juu ya x yangu ya kwanza. "Hii bwana hatukusalimiana."

Sikujua nimchukulie vipi. Mtu aliyepanga kunirudisha kwetu alikuwa akiniuliza hesabu kwa upole namna ile, akitega sikio nilipoeleza, akirudia neno nililolitamka vibaya kwa sababu hakujua kwamba nimelitamka vibaya. Nilimwonyesha swali la siku ile. Tulizungushia x, tukazungushia y, tukapata 6x + 2y.

"Haijaisha," akasema. "Kuko vitu mbili bado. Injini ikibakia vitu mbili juu ya meza, bado hujaitengeneza."

Yeye mwenyewe, kwa kinywa chake, hakutaka y ibaki nje. Nikachukua kalamu nikaandika 8xy. Akaitikia kwa kichwa, ameridhika, nami nikacheka, nadhani kwa mara ya kwanza tangu siku ya ndoo. Tulimaliza zoezi zima hivyo. Kila mahali palipokuwa na herufi mbili tuliziunganisha, tukawa na jibu fupi lenye kitu kimoja tu.

Kesho yake profu Bahati aliyafuta majibu yote kwa mstari mwekundu. Zoezi lililofuata nikarudia vilevile, akalifuta tena. Ndipo aliponiita ubaoni. Niliandika 6x + 2y, na kwa sababu chaki ilikuwa bado mkononi nikaongeza alama ya sawa na 8xy. Darasa likacheka. Profu hakukasirika. Alisema tuseme x ni moja na y ni mbili, tuone. Akahesabu mbele yetu: sita, ongeza nne, ni kumi. Kisha akahesabu jibu langu: nane mara moja mara mbili, kumi na sita. Akaniambia kwamba hapo sikurahisisha kitu, nilikibadilisha kikawa kitu kingine. Akauliza darasa, ukiwa na mitumbwi sita na nyavu mbili, utasema una mitumbwi-nyavu nane? Wakacheka zaidi.

Mimi sikucheka. Sikujua kwamba nitasema nilichosema, kilitoka chenyewe.

"Sasa, profu, kama hatuiunganishe, y itaenda wapi?"

Sauti yangu ilikatika mwishoni, na darasa likanyamaza jinsi watoto wanavyonyamaza wakisikia mwenzao anakaribia kulia. Profu Bahati alinitazama vizuri. Sijui alielewa nini. Lakini aliacha ile haraka yake, akachukua chaki mkononi mwangu, akafuta 8xy kwa kiganja. Palibaki 6x + 2y. Akaweka kidole juu ya alama ya kujumlisha.

"Haiende popote," alisema. "Iko ndani ya jibu. Unaona hii? Unazania ni ukuta? Hapana, njo yenye inazishika pamoja. Hii si majibu mbili. Ni jibu moja. Inabakia hivi, na imeisha."

Alinirudisha kitini kwa kunigusa bega. Nilikaa, nikaliangalia jibu lile mpaka kengele ikalia. Sikuliamini moja kwa moja. Lakini lilinipa ujasiri ambao sikuwa nao asubuhi, na nilipofika nyumbani sikuvua hata viatu. Mama alikuwa ameinama juu ya pipa, mikono imezama mpaka viwiko, anaponda muhogo uliolainika na kutoa nyuzi. Nilimuuliza ni lini watanirudisha Ubwari.

Mama aliinuka, maji meupe yakimdondoka vidoleni. Aliniuliza nimesema nini, nikarudia. Nikamwambia nilivyosikia siku ile, neno kwa neno: inasumbua, haiendani na zingine, inachukua nafasi. Uso wake ulibadilika mara nyingi kabla hajapata la kusema, na alipolipata lilikuwa ni kumwita mumewe. Papa Wilondja akatoka barazani akifuta mikono. Mama akamweleza. Alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akanishika mkono, jambo ambalo hakuwahi kulifanya, akanipeleka kwenye kona ya baraza na kufunua turubai.

Chini yake kulikuwa na injini kuukuu, rangi imebambuka, nusu ya viungo vyake havipo. Mvuvi mmoja wa Ubwari aliiacha pale itengenezwe. Ilikuwa ya aina ambayo vipuri vyake havikupatikana Baraka, na vya injini nyingine vilikataa kuingia.

"Hii njo ile ya Ubwari," alisema.

Hakucheka, na hadi leo namshukuru kwa hilo. Alijishusha akakaa juu ya ndoo iliyopinduliwa, uso wake ukawa sawa na wangu.

"Ulikaa na hiyo ndani ya roho siku hizi zote?"

Nilitazama ile injini. Alisema hakuna mtu atakayenirudisha kokote, na kwamba nilikuwa mtoto wa nyumba ile. Kisha akaniuliza kuhusu yale mazoezi yetu, kama tulipata. Nilimwambia tulikosa yote. Nikamweleza jinsi profu alivyosema, kwamba 6x + 2y imeshaisha, hakuna cha kuongeza. Hilo lilimshangaza kuliko lilivyonishangaza mimi. Alilifikiria akiwa ameinamisha kichwa, akachora kwa kidole juu ya vumbi la baraza, akafuta, akachora tena. Tangu siku ile tulisoma pamoja jioni nyingi. Alikuwa mzito wa kushika na hakuona haya. Alichokipenda zaidi ni kwamba x ikisimama peke yake ina moja mbele yake hata kama haijaandikwa. Alinirudishia hilo mara nyingi, akilitafuna: haiandikwe, lakini inahesabiwa.

Usiku ule nililala katikati ya godoro, na mguu wa Riziki ukaja kama kawaida.

Lakini papa Wilondja alikuwa ameniahidi kitu ambacho hakikuwa mikononi mwake peke yake. Kabla mama hajajifungua, mtumbwi wa Ubwari ulimleta baba mdogo Lwaboshi. Alikuja na mikeke mikavu, samaki wa ziwa letu, iliyofungwa kwa majani ya mgomba, zawadi ya bibi, na alinikumbatia kwa muda mrefu. Hakuwa mtu mbaya, nataka hilo lieleweke. Alikula, akauliza habari za kila mtu, na baada ya chakula akaomba tukae. Papa Wilondja alimwita dada yake mkubwa aje kusikiliza. Mimi niliambiwa nikae karibu na mama.

Baba mdogo alieleza kwamba bibi anazeeka, na kila mtumbwi unaotoka Baraka anashuka majini kuuliza kama nimo. Alisema hawana neno na mama. Ameolewa, anapata mtoto, ni heri. Ila mtoto wa Msambya ni wa kwa Msambya. Sekondari hata Ubwari imeshaanza, haina mwalimu wa kila somo lakini imeanza. Alisema haya akitazama mkeka, kwa sauti ya mtu aliyetumwa na ambaye anakubaliana na aliyemtuma.

Mama alianza kulia bila sauti. Nilisikia tumbo lake likigonga mkono wangu, yule mtoto akijigeuza ndani. Dada yake papa Wilondja, mwanamke mwenye maneno mafupi, akatoa ushauri wake. Mtoto abadilishiwe jina shuleni. Aandikwe Wilondja. Akishakuwa na jina la nyumba hii, nani tena atakuja kumdai?

Ilikuwa njia rahisi, na niliona mama ameinua kichwa. Mimi pia niliinua changu. Kwa nukta chache niliitaka sana. Ningekuwa herufi moja nao, na ingekuwa imeisha.

Papa Wilondja alikuwa akitazama mikono yake.

"Hapana," akasema. "Ile jina ni ya baba yake. Muntu alikufa, aliacha kitu moja. Mi siwezi kumukamatia hiyo."

Dada yake akataka kusema, akamzuia kwa mkono. Akamgeukia baba mdogo.

"Lakini na we usimutoe hapa, ndugu. Akae na jina yake, na akae hapa. Iachwe vile iko."

"Na mama yangu kule Ubwari?" baba mdogo akauliza. "Nikarudie nimuambie nini?"

"Umuambie nitamupeleka. Kila konje kubwa, shule ikifungwa. Sitamutuma na bantu. Mi mwenyewe."

Baba mdogo akafanya jambo ambalo watu wazima wa kwetu hawalifanyi mara nyingi: aliniuliza mimi. Nilikuwa sijazoea kuulizwa. Nilitazama mlango, nikasema kile tu nilichokuwa na uhakika nacho.

"Mi ni wa Msambya," nilisema. "Na niko hapa."

Hakuna aliyenifundisha kusema hivyo. Baba mdogo alinitazama kama bibi alivyokuwa akinitazama, kidevu kwanza, kisha macho. Akasema sawa. Akasema atayafikisha maneno hayo kama yalivyo, na tutaona kama konje ikifika ahadi itatimizwa. Jioni aliondoka na mfuko wa unga wa mama, na papa Wilondja akamsindikiza mpaka bandarini, wakitembea bila kuongea sana.

Mama alijifungua binti, tukampa jina la Neema. Alikuwa na masikio ya papa Wilondja na mdomo ambao kila mtu alisema ni wangu. Mvua zikapita, kiangazi kikaingia, moshi wa moto wa mashamba ukafunika milima, na shule ikafungwa. Nilimaliza mwaka ule na alama nzuri za hesabu, si za juu kabisa. Papa Wilondja alilitoa tena lile shati lake la kung'aa.

Tulivuka asubuhi, maji yakiwa yametulia. Njia nzima alisikiliza injini ya mwenye mtumbwi akikunja uso, kama daktari aliyepanda gari na mgonjwa wa mtu mwingine, na nilijua anafanya hivyo ili asifikirie tunakokwenda. Bibi alikuwa amesimama majini mpaka magotini. Alinichukua kwa mikono miwili kabla sijakanyaga mchanga. Kwa papa Wilondja bibi alitoa salamu zote zinazostahili, akampa kiti, akampa maji ya kunawa, akamwekea chakula, lakini hakumtazama usoni. Alipokula, alikula mbali naye. Papa Wilondja alisifu mboga, hakujibiwa. Hakuonekana kukasirika. Alipomaliza aliniuliza kwa sauti ndogo kama ninajua mahali baba alipozikwa.

Nilijua. Ni nyuma ya migomba, pale mlima unapoanza kupanda, ambapo kutoka hapo ziwa linaonekana lote. Bibi alituona tunaondoka na hakuuliza. Kaburi lilikuwa na mawe pembeni na majani marefu juu. Papa Wilondja aliinama akaanza kuyang'oa, nami nikamsaidia, mpaka udongo ukaonekana. Kisha akasimama, akavua kofia, akaishika mbele ya tumbo kwa mikono miwili. Nilidhani atasali. Hakusali.

"Ndugu," alisema, "mi ni Wilondja, wa Baraka. Hatukujuana. Mutoto wako iko kwangu. Iko anasoma muzuri, na mi ananifundisha. Jina yako iko nayo, sikuigusa. Njo ile nilikuya kukuambia."

Akanyamaza, kama mtu anayengoja kujibiwa na asiye na haraka. Upepo wa ziwa ulipanda mlimani ukageuza majani ya migomba. Nyuma yetu nikasikia kitu, nikageuka. Bibi alikuwa amesimama kati ya migomba, mkono mmoja umeshika shina, na sikujua amekuwepo pale tangu neno gani.

Papa Wilondja hakumwona. Alirudisha kofia kichwani, akaniuliza baba yangu alikuwa mtu wa namna gani, kama alikuwa mcheshi, kama alikuwa mrefu. Nilimwambia sijui. Hakuna aliyewahi kuniambia, nami sikuwahi kuuliza.

"Basi mukuye mukae," bibi alisema kutoka pale kwenye migomba, na sote wawili tukageuka. "Mukuye bote mbili. Nitabaambia."